Aliyesimama Nyuma ya Bawabu

Anayesukwa mistari ya twende kilioni haoni televisheni. Kichwa kimeinama, kidevu kimegusa kifua, anachokiona ni magoti yake mwenyewe, na hapo atakaa saa nne, tano. Mimi nilisuka Johannesburg, mtaa wa Joubert Park, ghorofa ya kwanza, katika saluni ya mama mmoja wa Lubumbashi, mpaka mwaka 2019. Televisheni ilikuwa ukutani, kando ya kioo, inawashwa asubuhi na kuzimwa tunapofunga. Wateja waliisikia tu. Sasa mtu anasikia mlango unagongwa, mwanamke analia, halafu kimya, lazima atauliza kumetokea nini. Usipomjibu atainua kichwa, akiinua kichwa mstari unapinda, na mstari ukipinda lawama ni yako. Kwa hiyo tulisimulia. Mikono inasuka, mdomo unasimulia, na mteja alichagua msusi kwa vyote viwili.

Mdomo ninao, sikatai. Mimi ni mtu wa Tanga. Na nilikuwa na kitu ambacho wenzangu hawakuwa nacho, Kireno. Niliolewa Maputo miaka sita. Ndoa ilikwisha, Kireno kikabaki, na ukiniuliza kipi kimenifaa zaidi sitachelewa kujibu.

Nilipanga chumba La Rochelle, mtaa ambao majirani wengi walikuwa watu wa Msumbiji na Angola. Nje ya spaza, kile kiduka cha mtaani, palikuwa na bwana mmoja wa Beira aliyeuza diski mezani, filamu za Brazili, tatu kwenye pakiti moja, picha ya jalada imetolewa fotokopi mpaka nyuso zote zimekuwa za kijivu. Nilizipeleka saluni. Wenzangu walilalamika kwamba hawaelewi kitu, nikawaambia ndiyo maana nimezileta. Tangu hapo wateja wa viti vitatu walinisikiliza mimi peke yangu.

Kasoro yangu nitaisema mapema. Naongeza. Filamu ikizubaa, mtu anatazama bahari dakika tatu bila sababu, mimi nampa mawazo. Nampa deni la mahari, nampa mama mkwe. Mteja hawezi kuinua kichwa kuhakikisha.

Katika filamu ya nne au ya tano nikamwona mtu anafungua geti. Nikasema, huyu si ndiye aliyefungua lifti juzi? Nikarudisha nyuma. Ndiye. Mzee wa makamo, sikio la kushoto kubwa kuliko la kulia, amebeba funguo kama vile ni zake. Wiki iliyofuata alikuwa dereva wa teksi. Halafu padri aliyefika mgonjwa ameshakata roho. Halafu askari magereza, muuza magazeti, mhudumu wa hoteli. Mara moja alikuwa hakimu, lakini walimpiga picha kwa nyuma, nikamtambua kwa sikio. Mara nyingi kuliko zote alikuwa bawabu. Nikampa jina la Mjomba, maana kila shughuli yumo na hakuna anayemwita meza kuu. Jina lake halisi nililisoma baadaye mwishoni mwa filamu. Silitaji, hakunipa ruhusa.

Diski hazikuja kwa mpangilio. Jumatatu nywele zake nyeusi, Jumatano zote nyeupe, Ijumaa nyeusi tena na masharubu juu. Nikawa nampanga kwa tumbo. Tumbo halirudi nyuma. Kwa njia hiyo nilijua kwamba alianza kijana, mwembamba, akimfungulia mlango mwanamke mwenye mbwa, na kwamba miaka thelathini baadaye alikuwa bado mlangoni, wanawake wamebadilika, mbwa wamebadilika. Katikati hapo walimpa nafasi kubwa moja. Alikuwa kaka wa nyota wa filamu, akapewa sentensi kumi na nne. Nilizihesabu. Aliziharibu zote. Alizisema upesi upesi, macho sakafuni, utadhani anasoma masharti ya kupanga nyumba. Nilimwonea huruma na nikamkasirikia pia, umesubiri miaka yote hiyo, kumbe hukujiandaa. Wateja hawakujua. Mimi nilizitafsiri polepole, nikaweka pumzi panapotakiwa pumzi, na dada mmoja wa Kigoma akalia mpaka akajipaka mafuta ya nywele machoni. Kwa Kiswahili alikuwa mwigizaji mkubwa. Baada ya filamu ile wakamrudisha mlangoni.

Kila Alhamisi ya tatu alikuja mama mmoja wa Bukavu, mshonaji, mwenye cherehani yake kwenye korido ya jengo la jirani. Hakuwa msemaji. Vita ilimchukulia watu wengi, hilo alilisema mara moja tu, huku akihesabu kwa vidole, na kidole kilichobaki kilikuwa mwanawe mmoja wa kiume. Huyo walikuja naye Johannesburg, wakaishi miaka saba, halafu mwaka 2015 akapata viza ya Brazili, akapanda ndege kwenda São Paulo kutafuta maisha. Mama alimshonea suruali mbili za kuondokea.

Miezi michache baadaye akaja saluni anatabasamu, kitu ambacho sikuwahi kukiona, akanipa simu yake. Picha. Kijana mrefu, nyusi ya kushoto imekatwa na kovu, amevaa sare ya kuzoa taka. Kando yake mzee mwenye funguo kiunoni.

"Anasema amepata kazi ya sinema," mama akasema. "Anasimama nyuma ya huyu mzee. Hasemi kitu. Anasimama tu."

Nikakaa chini. Katika Johannesburg nzima, na watu wake wote, sidhani kama palikuwa na mwingine ambaye angemtambua mzee yule. Mimi nilimtambua kabla sijavaa miwani. Nikamwambia, mama, huyu mtu namjua, ni Mjomba. Nikamweleza kazi zake zote, kuanzia mbwa wa kwanza. Mama alinisikiliza kama anasikiliza habari za ukoo anaotaka kuoza kwao.

Katikati ya mwaka 2016 simu ya kijana ikaacha kuita. Ujumbe ulikwenda, haukusomwa. Marafiki zake wa kule walisema amehama, wengine walisema amekwenda kaskazini, kwa miguu, kuelekea Marekani, na njia ile watu hupotelea msituni. Mama alikwenda kwenye ofisi moja ya kutafuta waliopotea. Fomu nilimjazia mimi, jina la kijana, la baba yake, la babu, kovu, urefu. Kila mwezi alirudi kuuliza, kila mwezi waliandika kwamba amekuja kuuliza.

Ikabaki sinema. Filamu ikipigwa kule, mpaka ifike kwenye meza ya yule bwana wa Beira ni mwaka, miaka miwili. Mama alilijua hilo. Aliniambia, dada, wewe unaona, mimi naangalia chini, uniangalilie. Nikamwambia muuza diski aniwekee kila yenye mzee wa sikio kubwa. Alidhani ninamtaka yule mzee. Sikumsahihisha, maana alianza kuniwekea kweli. Kila Alhamisi ya tatu nikaweka filamu moja ya Mjomba, na kila alipotokea mama aliuliza kwa sauti ndogo, "Nyuma yake kuko nani?" Nikamwambia, ukuta. Nyuma yake kuko gari. Kuko mwanamke mwenye kikapu.

Hilo lilikwenda zaidi ya mwaka. Halafu Alhamisi moja ya 2017 akaja si siku yake. Akaketi, akainama.

"Leo usisuke," akasema. "Unifungule tu. Siku ya posho naweka matanga."

Siku ya posho kwao ni Jumamosi. Ndugu zake wa Bukavu walikuwa wamepiga simu, wamesema mtoto asiyejulikana alipo haachwi hivi hivi, aliliwe, mambo yaishe. Na mama anayelia mtoto hasukwi. Kichwa kinafunguliwa, kinanyolewa. Alikuwa amekuja na wembe wake kwenye mkoba, umefungwa kwenye karatasi.

Nikaanza kufungua. Mikono yangu ilikuwa mibaya siku ile. Nilikuwa na hasira, na sikuwa na wa kumpa. Hasira na ndugu wa Bukavu, na ile ofisi, na kijana mwenyewe, na Mjomba anayezungukwa na kuta na vikapu. Filamu ilikuwa ikienda. Mjomba akatokea, akafungua mlango wa hoteli. Mama hakuuliza kitu. Ndiyo mara ya kwanza hakuuliza.

Nikasema, "Huyo hapo."

Shingo yake ikakaza. Alitaka kuinuka, nikamkandamiza kichwa kwa viganja vyote viwili, ninamwambia tulia mama, utakatika nywele, anapita, anapita, amebeba trei, amevaa shati jeupe, kovu lile pale, amenenepa. Amenenepa mama. Anamcheka Mjomba. Ameingia ndani.

"Amenenepa?"

"Mashavu."

"Rudisha."

Nikasema diski imekwama. Nikaitoa kwenye mashine nikaenda nayo chooni nikaivunja. Diski haivunjiki kirahisi. Nilikanyaga mara nne, nikarudi na vipande viwili, nikamwonyesha na kumwambia, vitu vya fotokopi hivi, eish. Mama alivitazama vile vipande, akavichukua, akaviweka kwenye mkoba pamoja na wembe. Halafu akainama.

"Suka," akasema.

Nikamsuka upya, nusu ya kichwa niliyokuwa nimeifungua. Sikuona haya siku ile. Nasema ukweli, niliona raha. Nilikwenda nyumbani nikapika wali.

Jumapili akanialika kanisani kwao, mtaa wa Observatory, kwenye ukumbi wa kukodi wenye viti vya plastiki. Mimi ni Mwislamu, nikakaa karibu na mlango na mtandio wangu. Mama akasimama kutoa ushuhuda, mchungaji akawa anautia katika Kifaransa kwa ajili ya wale wengine. Alisema lile shati. Alisema trei. Alisema mwanawe amenenepa mashavu, anacheka, amepata kazi ya hoteli. Nikaona kwamba hata yeye ameongeza, maana mimi nilisema amebeba trei tu, la kazi ya hoteli silo langu. Watu wakaimba. Halafu akaninyooshea mkono, akasema macho ya yule dada ndiyo yameona, na watu mia hivi wakageuka kunitazama. Nikapunga mkono. Sikujua la kufanya jingine.

Hapo ndipo raha iliponiishia. Juma lililofuata nikasikia kwamba amekwenda kwenye ile ofisi akawaambia wafunge faili, mtoto ameonekana. Nikamwambia mama, ungewaacha waendelee tu, hawadai kitu. Akaniambia kuna wamama wengine wanangoja, si vizuri kukalia nafasi. Ndugu wa Bukavu waliambiwa. Cherehani ilianza kuimba mpaka nikawa naisikia kutoka dirishani. Kila Alhamisi ya tatu alikuja, akainama, na hakuuliza tena nyuma yake kuko nani. Alitaka filamu yenyewe sasa. Alitaka kujua kama msichana ataolewa. Na mimi nilisimulia sawasawa, neno kwa neno, bila kuongeza hata kikohozi, na wateja wengine wakasema siku hizi nimechuja.

Nilipanga kumwambia. Nilipanga mara nyingi sana. Lakini mtu ukiwa umeshika kichwa chake, amekuamini nacho, maneno hayatoki, na akishasimama ana haraka ya kazi. Hizo ndizo sababu nilizojipa. Kwa kweli niliogopa ule wembe.

Mwaka 2019, baridi imeanza, muuza diski akaniletea moja mpya, ya 2018, mlangoni, akisema mchumba wako ameshazeeka. Nikaiweka Alhamisi, mama ameinama mbele yangu, nimefika kisogoni. Mjomba kweli alikuwa amezeeka. Safari hii alikuwa mtunza chumba cha maiti. Mwanamke tajiri anakuja kumtafuta mumewe aliyepotea, Mjomba anavuta droo ya kwanza, anafunua shuka. Mwanamke anatazama, anatikisa kichwa, siye. Mjomba anafunika, anavuta droo ya pili.

Kwenye droo ya kwanza alikuwa amelala kijana mrefu, mweusi, macho yamefumbwa. Nyusi ya kushoto ina kovu.

Nikaacha kusuka. Nikarudisha. Nikatazama tena, nikamwonyesha na mwenzangu wa kiti cha pili ambaye aliiona ile picha ya simu zamani, akaweka mkono mdomoni. Nikamwambia mama ainue kichwa. Katika miaka yangu yote ya kusuka sikuwahi kumwambia mteja hivyo, kisogo kikiwa nusu.

Akainua. Nikamwonyesha. Akatazama kitambo, mikono imetulia mapajani.

"Haiko yeye," akasema.

"Mama, tazama nyusi."

"Huyu amekufa. Yangu eko hoteli. Amenenepa."

Nikamwambia mama, hajafa, anaigiza, wakishamaliza anaamka anapewa chai. Akasema anajua sinema ni nini, si mtoto. Anasema tu kwamba huyo siye. Akainama mwenyewe, akaniletea kisogo. Basi, nikashika kitana. Nini kingine. Nilisuka mistari miwili sioni ninachosuka. Uongo wangu ulikuwa umekaa kwenye kiti cha mtoto wake, umenenepa, na mtoto mwenyewe amekosa pa kukaa.

Filamu ikaisha, majina yakaanza kupanda. Kwa kawaida hapo tunazima, nani anasoma majina. Mikono yangu ilikuwa na nywele, sikuifikia rimoti. Nyota wakapita. Mjomba akapita, katikati, herufi ndogo. Halafu wakaja wasio na majina kwenye hadithi, muuguzi, dereva, na chini yao, maiti wa kwanza. Jina la kijana, la baba yake, la babu. Vilevile nilivyoliandika kwenye fomu.

Nikalisoma kwa sauti.

Mama hakuinuka. "Soma tena," akasema.

Lilikuwa limeshapita. Nikafuta mkono, nikarudisha, nikalisoma tena, polepole, na maneno yaliyokuwa mbele yake, maiti wa kwanza. Hata patroni wetu, yule mama wa Lubumbashi, alizima draya.

"Na ile shemizi nyeupe," mama akasema, bado ameinama. "Uliitoa wapi?"

"Hakukuwa na shati, mama," nikamwambia. "Hakukuwa na trei. Mjomba alifungua mlango, hapakuwa na mtu. Ulikuwa umekuja na wembe. Niliogopa."

Nilidhani atanipiga. Ningekaa nipigwe. Alikaa vilevile, na mimi nimeshika msuko wake mmoja ambao nikiuachia utafumuka, kwa hiyo sikuuachia.

"Miaka mbili," akasema, "namushukuru Mungu juu ya shemizi."

Nililia, mbele ya wateja, bila kujificha. Yeye hakulia. Akauondoa mkono wangu nyweleni, si kwa ukali, akasimama na kichwa chake nusu, akavuta kiti mpaka mbele ya televisheni kabisa.

"Rudisha pale amelala."

Nikarudisha. Mjomba akavuta droo, akafunua shuka, mwanamke tajiri akatazama. Mama akasogea mpaka pua ikakaribia kioo cha televisheni.

"Tena."

Nikarudisha. Akanyoosha kidole cha mshonaji, chenye matundu ya sindano, akakiweka kwenye ile shuka.

"Angalia tumbo," akasema. "Eko anapumua."

Nikainama kando yake. Kweli, shuka ilikuwa inapanda kidogo, inashuka. Kazi ya maiti alikuwa haiwezi hata chembe. Tukarudisha mara tisa, na mara zote tisa alipumua.